Sini ya Mtendaji

Hildegarda alikuwa akikanda unga wa maandazi ya waigizaji wake umeme ulipokatika. Aliacha bakuli, akaenda kuitazama betri ya kamera iliyokuwa ikichajiwa ukutani. Taa ndogo ya chaja ilikuwa imezimika.

"Imefika wapi?" alimuuliza Cornel, aliyekuwa amejilaza mkekani.

"Nusu, dada. Tukibana itatutoa. Ila mchana mimi naondoka, kamera inaondoka. Bibi harusi wa Mikumi hanijui kwa filamu zako."

Kamera ilikuwa ya Cornel, na kazi iliyomlisha Cornel ilikuwa harusi. Alikuwa amekuja Kilosa na pikipiki, njia yote ile ya vumbi, kwa sababu aliipenda hadithi. Hildegarda hakuisahau hisani hiyo. Alimkaangia maandazi ya kwanza, akamwekea pembeni yaliyoiva vizuri.

Aliishi Mabwerebwere, chumba na sebule, na siku ambazo hakuwa na filamu aliuza maandazi barazani. Siku hizo zilikuwa nyingi. Alianza kuigiza kanisani, akaenda Dar es Salaam, na huko kila filamu ilimpa nafasi ya msichana wa kazi. Aliingia na trei, akasema karibu chai, akatoka. Aliporudi nyumbani akaanza kuandika mwenyewe, kuigiza mwenyewe na kutafuta kila kitu mwenyewe. Filamu yake ya kwanza ilipofika madukani, kava lilikuwa na uso wa msanii maarufu ambaye ndani ya filamu alifungua geti tu. Msambazaji wa Kariakoo alimwambia kwa upole, "Dada, unaigiza vizuri, lakini sura yako haiuzi."

Filamu hii ilikuwa ya mama yake. Mama alikata mkonge tangu usichana hadi shamba lilipouzwa kwa mwekezaji, na wafanyakazi wakaambiwa warudi kambini wasubiri mafao. Mama alisubiri mpaka alipokufa. Hildegarda alikuwa anamwigiza yeye, na sini moja tu, kipande cha mwisho cha kupiga, ilibaki: mama amekaa mbele ya geti la shamba, hataki kuondoka. Bila sini hiyo filamu haikuwa na mwisho. Lakini mlinzi wa geti alitaka kibali chenye muhuri wa mtendaji wa kata, na mtendaji, Bwana Melkizedek, alikuwa akimzungusha. Mara muhuri umefungiwa, mara yuko semina. Jana alisema wazi, "Na mimi nipe uhusika. Wa bosi hivi. Nina sauti."

Kwa hiyo leo ilikuwa sini ya mtendaji kwanza, kisha muhuri, kisha geti.

Walipofika kambini wazee walikuwa wameshakusanyika uwanjani, wamevaa nguo zao za kazi za zamani kama walivyoombwa. Bi Lea alikuwa amechemsha mahindi, akayafunika kwa kitambaa safi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Kuleni kwanza. Huyu mpiga picha ana mbavu kama baiskeli."

"Shikamoo bibi," Cornel alicheka. "Mbavu ndiyo fasheni ya mjini."

"Basi mji wenu una njaa."

Hildegarda hakuwapa wazee karatasi za maneno. Wengi wao macho yalikuwa yamechoka, na hata hivyo aliona hawakuhitaji. Uwanja ulikuwa ule ule walipotangaziwa kuachishwa kazi. Aliwaambia tu, "Atakuja mkubwa, atasema. Ninyi fanyeni kama mlivyofanya siku ile."

"Siku ile tulinyamaza, tukaenda nyumbani," alisema Mzee Lupakisyo, aliyeletwa na treni kutoka kusini akiwa kijana, asirudi kwao tena.

"Basi ndiyo hivyo hivyo, mzee wangu."

Mtendaji alifika akiwa na suti ya kaunda na kalamu mbili mfukoni. Hildegarda alimsalimia, akampa karatasi yake. Yalikuwa maneno machache: Mwajiri mpya hawatambui. Rudini majumbani.

Mtendaji aliyasoma, akakunja uso. "Haya siyasemi. Mkanda huu si utaonekana mpaka wilayani? Nitaonekana mtu katili."

"Lakini mheshimiwa, ndivyo ilivyokuwa."

"Mimi sihitaji kuandikiwa. Miaka yote nahutubia bila karatasi. Washa mashine."

Cornel alimtazama Hildegarda. Hildegarda akafikiria muhuri, akaitikia kwa kichwa.

Mtendaji alisimama mbele ya wazee, akakohoa. "Wananchi, hamjambo! Kilio chenu tumekisikia. Mafao yenu yamefika. Narudia, yamefika! Leo hii saa nane njooni ofisini kwangu, kila mmoja atahudumiwa. Nyinyi ndio mliojenga nchi hii."

Sauti alikuwa nayo kweli. Wazee walinyamaza, na Hildegarda alidhani wanaigiza. Kisha Mzee Lupakisyo akavua kofia. Bi Lea akapiga kigelegele kimoja kirefu, akasimama.

"Baba, tuje na vitambulisho vya zamani? Changu kimeliwa na mchwa."

"Njoo nacho hivyo hivyo, mama," alijibu mtendaji, bado ameinua ngumi mbele ya kamera. "Hakuna atakayerudishwa."

"Dada," Cornel alinong'ona bila kuondoa jicho kwenye kamera, "hawa hawaigizi."

Hildegarda alisema "kata" kwa sauti ambayo hata yeye hakuisikia. Alipomfikia Bi Lea, bibi alikuwa ameshaanza kuondoka kwenda kuoga. Wengine walikuwa wanakumbatiana. "Mama, ilikuwa filamu," alisema. Bi Lea alimshika shavu. "Najua, mwanangu. Lakini amesema leo." Akaenda zake.

Mtendaji alipangusa jasho. "Nilikuwaje?"

"Umewaambia waje ofisini, mheshimiwa."

"Si uigizaji huo? Njoo mchana uchukue kibali chako."

Saa nane baraza ya ofisi ilikuwa imejaa wazee. Bi Lea alivaa kitenge cha kanisani. Mzee Lupakisyo alishika kitambulisho chake ndani ya nailoni. Cornel aliegemea pikipiki, kamera mgongoni, akilitazama jua.

Mtendaji alitoka na kibali mkono mmoja na muhuri mkono mwingine. Alipowaona wazee alisimama. "Hawa wanataka nini?"

"Umetuita," alisema Mzee Lupakisyo.

"Mzee, ile ilikuwa sinema!"

"Umesema ofisini kwako. Ofisi si hii?"

Mtendaji akamgeukia Hildegarda, akaishusha sauti. "Hebu waambie wewe, watakuelewa. Waambie yale yalikuwa maneno ya sinema yako, umeniandikia wewe. Nagonga muhuri sasa hivi, uwahi geti lako."

Aliiweka karatasi kwenye ukuta wa baraza, akaupuliza muhuri. Cornel alikuwa ameshavaa helmeti. Kumfikisha getini na kupiga sini kungewezekana, ikiwa wangeondoka sasa hivi.

Hildegarda aliwatazama wazee. Bi Lea alimtabasamia kumtia moyo, kama anavyotiwa moyo mtoto anayekariri shairi mbele ya wageni.

"Sini ilikuwa ya kwangu," Hildegarda alisema. "Maneno sikuyaandika mimi. Niliyoyaandika mheshimiwa aliyakataa. Yale mliyoyasikia aliyasema mwenyewe."

Mtendaji aliikunja karatasi bila kuigonga muhuri, akaitia mfukoni, akaingia ndani na kufunga mlango kwa komeo.

"Dada," alisema Cornel. Alimpa mkononi kaseti aliyoitoa kwenye kamera, akawasha pikipiki, akaondoka kuelekea Mikumi.

Joha, karani wa ofisi, alitokea kwa mlango wa nyuma akiwa amebeba mkeka na jagi la maji. "Bosi amesema leo hakuna huduma tena," alisema, huku akiutandika mkeka pale penye kivuli.

Bi Lea alikunja kitenge chake asikikanyage, akasogea. "Kaa hapa, mwanangu. Umesimama tangu asubuhi."

Hildegarda akakaa. Mzee Lupakisyo aliusogelea mlango, akagonga taratibu, kama mtu anayebisha mlango wa nyumba yenye mgonjwa.

"Hodi," alisema.

Ndani kiti kiliburutwa. Mzee akangoja kidogo, akagonga tena.