Mgonjwa wa Tisa

Kazi yangu kwa sasa ni kusoma. Watu wa Goba wakiniona natoka asubuhi na mkoba, miwani shingoni, huuliza mzee wa miaka sabini na tatu anawahi nini. Nawahi Manzese, kwenye duka la uchapaji la Hashil, kusahihisha majarida ya madaktari wa zamani.

Baba yake Hashil alikuwa akichapa kadi za harusi. Hashil mwenyewe anachapa upya majarida ya udaktari ya wakati wa ukoloni, yale ambayo nakala zake zilizobaki ukizigusa zinavunjika kama chapati kavu. Wanaoyataka ni wahadhiri, wanafunzi wa udaktari na maktaba za nje. Kurasa hupigwa picha, kisha mashine inazisoma picha hizo na kuzigeuza kuwa maandishi mapya. Lakini mashine haina akili. Nane inaifanya tatu. Nukta ya desimali inaidhani ni kinyesi cha inzi, inaiacha. Kwenye kadi ya harusi kosa kama hilo ni aibu; kwenye dozi ya dawa ni roho ya mtu. Kwa hiyo mbele ya kila kitabu Hashil ameweka onyo kwamba dozi hizi ni za historia, asizitumie mtu, na kwa hiyo pia ananihitaji mimi.

Nilikuja Dar na cheti cha shule ya msingi, nikaanza kwa kufagia wodi. Jioni nilisoma, miaka saba, nikitoka kazini na kwenda darasani bila kupita nyumbani. Mtihani wa kidato cha nne niliufaulu nikiwa na miaka thelathini na mmoja. Baada ya hapo nilikuwa karani wa kumbukumbu za wagonjwa kwa miaka ishirini na minane na hakuna faili lililopotea mikononi mwangu. Kupenda karatasi nilikupata kwa baba. Alikuwa dresa kwenye zahanati ya misheni kule kwetu Bukoba, yaani mtu wa kufunga vidonda, kupima dawa na kuandika daftari. Hati yake ilikuwa nzuri kuliko ya padri. Siku zote nikiandika vizuri nilijiona namwandikia yeye.

Kusahihisha tunafanya wawili. Thuraya, binti wa Hashil, anasoma kwa sauti kutoka kwenye picha ya ukurasa wa zamani, na mimi nafuata kwenye karatasi mpya na kalamu nyekundu. Anasoma kila kitu, hata alama.

"Shikamoo Babu Didas. Leo tunaimaliza minyoo au minyoo itatumaliza sie?"

"Marahaba. Kaa sawa, usome."

"Mbona mkali hivyo? Hujanywa chai?"

Tulikuwa kwenye makala ya daktari mmoja aliyekusanya habari za watu waliokufa kwa mafuta ya minyoo, dawa kali ambayo siku hizi haitumiki. Alikuwa amewapa wagonjwa namba. Thuraya alisoma kwa Kiingereza; hapa naweka Kiswahili changu.

"Mgonjwa wa tisa, nukta. Mtoto wa kiume, koma, miaka minne, nukta." Akataja jina la kijiji chetu, akalitamka vibaya. Nikaliangalia kwenye karatasi. Mashine ilikuwa imelipatia.

"Baba yake ni dresa wa zahanati, koma, mtu makini na mwenye akili, nukta. Aliona haya kumsimamisha mwanawe kwenye foleni ya minyoo mbele ya wagonjwa wake mwenyewe, koma, akaichukua chupa nyumbani, nukta. Kidude cha kudondoshea matone kilibaki zahanati, koma, hivyo akapima kijiko kimoja, nukta. Mtoto alipaswa kupewa matone manne, nukta. Kijiko kile kilichukua matone yasiyopungua sitini, nukta. Aya mpya."

"Endelea," nilisema.

"Nyumbani wanaamini mtoto ameuawa na senene, koma, panzi wa kuliwa, koma, aliopewa na dada yake wa miaka saba, nukta. Kwa watu hawa mwanamke ni mwiko kula senene, koma, na msichana huyo alikuwa amewaiba na kuwala, nukta. Nilipompasua mtoto nilikuta miguu michache ya senene, koma, isiyoweza kumdhuru mtu, koma, na harufu kali ya mafuta, nukta. Nilimweleza baba chanzo cha kifo na alinielewa vizuri, nukta. Aliniomba nisiwaeleze watu wa nyumbani mwake, nukta."

Mashine ilikuwa imeandika kijiko 7 badala ya kijiko 1. Nilikata saba, nikaandika moja pembeni, nikaweka alama yangu.

Mtoto yule ni kaka yangu Daniel. Alikufa miaka miwili kabla sijazaliwa. Dada wa miaka saba ni Kokuberwa, ambaye leo ana miaka themanini na miwili na anaishi Keko.

Tuna utaratibu dukani: ukurasa uliofifia mno hauchapwi, inawekwa tu ilani kwamba haukusomeka.

"Ukurasa huu umefifia," nilimwambia Thuraya. "Tuuache."

Aliugeuza uso wa kompyuta upande wangu. "Babu, acha utani. Huu unasomeka hata na kipofu. Ile ya surua ndiyo imefifia, na hiyo ulinikomalia siku mbili nzima."

"Basi uache kama ulivyo."

"Kuna nini?"

"Hakuna. Nitolee nakala moja. Nampelekea dada yangu Keko."

"Naye anapenda minyoo?"

Nilisubiri nakala itoke. Nilitarajia kusikia kitu kifuani, hata maumivu, lakini nilichosikia ni kwamba karatasi ilikuwa na joto la mashine. Nikaikunja mara mbili, nikaiweka mkobani.

Kisa cha Kokuberwa kinajulikana na kila mtu kwenye ukoo wetu. Siku hizi senene wanaliwa na kila mtu, wanauzwa kwenye mifuko hadi huku Dar. Wakati ule wanawake waliwakamata, wakawachambua na kuwakaanga, na wanaume ndio waliokula. Koku alichota ukofi mmoja kwenye furushi la baba, akajificha migombani na Daniel, wakala wote wawili. Usiku Daniel akafa. Hapakuwa na haja ya kuuliza zaidi. Koku alipelekwa kulelewa kwa shangazi. Nilipozaliwa mimi alirudishwa, lakini mama hakumruhusu kunibeba. Mpaka leo, akiwapakulia wajukuu zake, anaweka sahani mkekani na kusogea mbali hadi waanze wenyewe. Petro, mtoto wa baba yetu mkubwa, ambaye sasa ndiye kiongozi wa ukoo, alikuwa na utani wake kila Krismasi: "Koku asipite na sahani, tuna watoto hapa!" Watu wanacheka. Na mimi nimewahi kucheka. Miaka kumi na mmoja sasa Koku haendi nyumbani.

Nilimkuta nyuma ya karakana ya mwanawe Brightson, pale wanapotengeneza vitanda, anachambua maharage kwenye ungo. Mafundi walikuwa wanapiga msasa na hewa ilikuwa na vanishi.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Siku ya kazi hii, umefukuzwa?"

"Nimekuja kukusomea kitu."

"Kama ni neno la Mungu, Tusajigwe keshanisomea asubuhi. Mkwe wangu huyu ananisomea kama vile kesho nakufa."

Nilikaa kwenye kigoda, nikafungua karatasi, nikamweleza ni nini na imetoka wapi. Nilipomtaja Daniel mikono yake iliendelea na maharage. Nikaanza kutafsiri. Nimetafsiri mambo mengi maishani, barua za madaktari, vyeti vya vifo, na sikuwahi kuruka neno. Nilipofika mahali penyewe nilisema, "Mhudumu mmoja wa zahanati alipima dawa kwa kijiko."

Akaacha kuchambua.

"Mhudumu gani?"

"Mhudumu tu. Hajatajwa jina."

"Didas. Zahanati ile ilikuwa na mhudumu mmoja."

Fundi mmoja alikuwa anamwita mwenzake amletee misumari. Nilingoja amalize.

"Soma kama ilivyoandikwa," alisema Koku. "Miaka saba umesoma usiku, halafu unakuja kunisomea nusu? Nusu ninayo, ninayo tangu utotoni."

Nikasoma yote. Nilisoma haya ya baba kwenye foleni, kijiko, matone sitini, miguu ya senene isiyoweza kumdhuru mtu. Nilisoma kwamba alielewa vizuri. Nilisoma alichoomba.

Kwa muda alikuwa akiutazama ungo kana kwamba umewekwa pale na mtu mwingine.

"Kwa hiyo tata alijua," alisema. Tata ni baba kwa lugha yetu.

"Alijua."

"Alimleta Daniel kutoka misheni ameshamfunga kwenye shuka, akamkataza mama kumfungua. Mama alilia amwoshe mwanawe, akakataa. Kumbe alikuwa na mshono." "Mie walinifungia jikoni. Akaja akasimama mlangoni, nikajua sasa ananipiga. Akaniangalia tu, akaondoka. Na tangu siku ile hakunipiga tena, hata nikivunja chungu. Nilidhani ananiogopa. Baba mzima, ananiogopa mie."

Nilijua kwamba hapa ndipo mtu anapopaswa kulia, au kumshika mwenzake mkono. Nilikunja karatasi kwa mikunjo yake ileile.

"Mpigie Petro," alisema.

"Koku, Petro ni mtu wa miaka themanini. Ya nini kumshtua na—"

"Na mie nina mingapi?"

Nikapiga, nikaweka sauti kubwa, simu nikailaza juu ya ungo.

"Didas! Msomi wetu!" Petro siku zote anapiga kelele kwenye simu. "Huko joto bado linawapika?"

"Bado. Kaka, nina jambo. Linamhusu Daniel."

"Daniel yupi?"

Nilimsomea. Hii ilikuwa mara ya pili kutafsiri na ilikwenda haraka zaidi. Nilipomaliza nilisikia kuku upande wake.

"Hayo ni mambo ya miaka sabini na mitano," alisema, sauti imeshuka. "Mzungu aliandika anachotaka. Na marehemu hawezi kujitetea, Didas."

"Na mie nilijitetea lini?" Koku aliuliza.

"Koku, kumbe upo hapo!"

"Nipo. Nipo tangu zamani."

Petro alikohoa. Akahamia kwangu, kama mtu anayemtafuta mwanamume mwenzake chumbani. "Sikiliza, mdogo wangu. Karatasi ni karatasi. Wewe mwenyewe, kwa kinywa chako, uko tayari kusimama mbele ya ukoo umtaje baba yako? Baba yako, dresa? Watu wanalisifu jina lake mpaka leo. Wewe mwenyewe unalisifu kuliko wote."

Ni kweli, nilikuwa nikilisifu. Wanangu wote watatu wanajua habari za hati yake. Koku hakunitazama. Alikuwa ameshika punje moja ya maharage kati ya vidole viwili.

"Si Koku," nilisema. "Ni baba. Alipima kwa kijiko kwa sababu aliona haya kusimama foleni, na alipoambiwa alichofanya alinyamaza mpaka akafa. Nitalisema Krismasi, mbele ya wote."

Sauti yangu ilikuwa ileile niliyoitumia dirishani, miaka ile, nikiita majina ya wagonjwa waje wachukue mafaili yao.

Nikaangalia kama Petro bado yuko kwenye simu. "Kitabu hicho kitauzwa?" aliuliza hatimaye.

"Kitauzwa."

"Hebu." Kuku tena. "Basi. Koku, pole."

Petro akaniaga mimi peke yangu, simu ikazima.

"Amesema pole," Koku alisema.

"Amesema."

"Pole ya nini, hakusema."

Tukakaa. Msasa uliendelea upande wa pili wa ukuta wa mabati. Nilifikiria kuondoka kabla barabara hazijajaa, lakini Koku alinyoosha mkono, akaigusa karatasi juu ya goti langu bila kuichukua. Hajui kusoma Kiingereza.

"Huyo daktari," alisema, "mbali na dawa, ameandika nini kuhusu Daniel? Kuhusu Daniel mwenyewe."

Nilivaa miwani tena. Kulikuwa na mistari michache ya mwisho, ile ambayo kwa kawaida msomaji anairuka.

"Ameandika nywele zilikuwa zimenyolewa karibuni."

"Nilimnyoa mie. Kwa kipande cha wembe. Nini tena?"

"Jino moja la mbele limevunjika."

"Alianguka. Ehe?"

"Uzito, ratili ishirini na tisa."

"Ndiyo nini hiyo?"

Nilitoa kalamu nyekundu, nikapiga hesabu pembeni mwa karatasi, nikamwambia ni kilo kumi na tatu na kidogo.

"Hapana," alisema. "Alikuwa mzito zaidi ya hapo. Nilikuwa nambeba mgongoni hadi kisimani na kurudi, najua." Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyafuta. "Piga tena hesabu."

Nikapiga tena, polepole, nikaonyesha kila mstari kwa ncha ya kalamu. Jibu lilikuwa lilelile.