Wazuie Wote, Shemeji

Fundi makochi alikuwa na misumari midogo kinywani, simu mkononi, na jasho linamchuruzika. Saa nne kamili binti yake wa pekee angekula kiapo cha uuguzi, mji wa mbali, na sherehe ingerushwa moja kwa moja kwenye ukurasa wa binti huyo mtandaoni. Sasa ni saa nne kasoro dakika kumi, na kila akipekua ni matusi tu.

"Mzee gubu, mkeo siku zake zilifika. Waache wakubwa wafanye kazi."

Tangu mkewe afie kwenye zahanati isiyo na hata mtungi mmoja wa oksijeni, fundi alikuwa akiwaandama wakubwa mtandaoni. Wakubwa, kama kawaida yao, kimya. Wakajibu watu wasio na sura. Naye alilelewa kwamba anayesemeshwa hujibu, basi akawajibu wote, kila mmoja na aya yake.

Akatema misumari. "Shemeji! Mtoto simwoni! Wamemficha!"

Shemeji yake, mdogo wa marehemu, aliacha cherehani akaitazama simu.

"Umemficha mwenyewe. Simu ni kama muuza duka: unachonunua kila siku ndicho anachokuwekea mbele. Wewe umenunua matusi."

"Nani kaamua hivyo?"

"Wenye mtandao."

"Kumbe hata humu ndani kuna wakubwa!"

"Utawalaumu kesho. Bonyeza hilo jina. Haya, zuia."

"Bila kumjibu? Si ataona nimeshindwa?"

"Aone! Umkose mtoto kwa ajili ya mtu asiye na hata picha?"

Akazuia. Mbingu haikuanguka. Akazuia wa pili, wa tano, wa kumi, kidole kikanoga. "Toka! Na wewe toka, na ukoo wako!" Mteja aliyefuata kiti chake akaganda mlangoni, akidhani anafukuzwa yeye.

"Usije ukanizuia na mimi," shemeji akacheka.

"Kwa mdomo huo, ulistahili kuwa wa kwanza!"

"Haya, andika jina la mtoto hapo juu."

Ukurasa ukafunguka. Ukumbi umejaa sare nyeupe, na huyo hapo binti, sura ya mama yake kabisa, amejishikia simu usoni. "Zamu yangu imefika. Baba, upo?"

"Nipo! Nipo, mwanangu!"

"Hakusikii, andika!"

Yeye aliyewaandikia wapumbavu aya nzima nzima, sasa akaandika herufi nne tu: *Nipo.*

Binti akasoma, akacheka kwa sauti, akamtupia mwenzake simu, akapanda jukwaani.