Wanawake Wote Wako Hivyo

Tangu Shangazi Chinimaya atangaze kwamba familia ya Subin Dangol ingeleta popoo za posa mara tu baada ya Gai Jatra, sikukuu ya kuwakumbuka wafu, Nirjala hakutulia. Popoo zikishapokelewa hakuna tena wa kusema hapana. Alipanga makabati ya jikoni, akayapangua, akayapanga tena. Akitoka kazini alizunguka vichochoro vya mji wa Patan, Nepal, mvuani mpaka viatu vikalowa chepechepe, na akifika mlangoni kwa shangazi yake, alikoishi, aligeuka akaanza mzunguko mwingine.

Alikuwa na miaka ishirini na tisa. Kazi yake ilikuwa kunyoosha viungo vya wagonjwa katika kliniki moja karibu na mto Bagmati. Kutwa nzima mikono yake ilikuwa juu ya migongo na mapaja ya watu, na hakuna aliyemsisimua wala aliyemchukiza. Wenzake waliponong'onezana juu ya mchezaji wa mpira aliyeletwa na goti limevimba, yeye aliona goti.

Mara moja tu mwili wake uliwahi kuamka. Ilikuwa kwa Ojaswi, rafiki yake wa chuo, baada ya miaka ya kupika pamoja, kununiana na kupatana. Jioni moja Ojaswi alikuwa anakausha nywele dirishani, na ghafla Nirjala akahisi kama taa imewaka katika chumba alichodhani hakikuwahi kutiwa umeme. Hakusema neno. Ojaswi akaenda zake Melbourne, akaolewa huko. Ile taa haikuwaka tena kwa mtu mwingine, awe mwanamume au mwanamke.

Halafu mwaka huo akakutana na majina kwenye simu yake. La kwanza lilikuwa aseksuali, mtu asiyetamani watu kimwili. Alilivaa kwa muda, lakini kila alipomkumbuka Ojaswi lilimbana mabegani. La pili lilikuwa demi: mtu ambaye mwili wake hautamani mpaka moyo uwe umezoea na kuzama kwanza. Hilo alilisoma akiwa kwenye foleni ya gesi, akaondoka bila gesi. Tatizo ni kwamba chini ya maelezo yale watu walikuwa wanachambana. Mmoja anasema jina hili limemwokoa, mwingine anamjibu kwamba huo si mwelekeo wowote, ni kupenda kujiona wa pekee. Nirjala aliwasoma wote, na kila aliyemsoma alimwona amesema kweli.

Ndiyo maana alianza kwenda mtaa wa Kupondole siku za Jumamosi. Juu ya duka la fundi cherehani kulikuwa na chumba ambamo mashoga, wasagaji, watu wa jinsia ya tatu na wengine waliotafuta pa kupumulia walikutana kunywa chai na kubishana. Mkubwa wao alikuwa Dada Rukmini, aliyezaliwa akaitwa mvulana, akafukuzwa kwao alipoanza kuvaa sari, na hata sasa alitafuna upande mmoja tu wa mdomo kwa sababu ya rungu la askari.

Jumamosi hiyo walikuwa wanaandaa bango la maandamano yao ya kila mwaka siku ya Gai Jatra. Mwanafunzi wa sheria aitwaye Pratyush, anayeyajua majina yote kama kondakta anavyojua vituo, alitaka mengine mapya yaandikwe, na demi likiwemo. Dada Rukmini alikuwa amekaa sakafuni anakata kitambaa. Alisema bango si menyu ya hoteli. Pratyush akasema asiyeandikwa haonekani. Mwanamke mmoja aliyekuja na mpenzi wake akauliza hao demi ni kina nani hasa. Alipoelezwa, akacheka bila ubaya.

"Lakini wanawake wote wako hivyo," alisema. "Nani anamtamani mtu asiyemjua?"

"Watu wengi tu," alisema Nirjala. Hakuwa amepanga kusema. "Wenzangu kazini wanawatamani wagonjwa kabla hawajajua hata majina yao. Mimi nimeishi miaka yote hii na ni mtu mmoja tu."

Dada Rukmini akaweka mkasi chini. "Mdogo wangu, sikuchokozi. Mimi nilivunjwa taya. Huyu aliyekuwa akicheka alifungiwa ndani na kaka zake. Wewe nani amekupiga kwa sababu hutamani?"

Hakuna aliyekuwa amempiga Nirjala. Alichokuwa nacho ni mwanamume mpole mwenye kazi nzuri, na popoo zinazokuja. Aliposema hivyo, kwa sauti ndogo, Dada Rukmini alijibu kwamba binti wa kila nyumba nchini ana shida hiyo hiyo. Nirjala akachukua mwavuli wake. Alivuka daraja la mto Bagmati, akarudi, akalivuka tena, akimjibu Dada Rukmini kichwani kwa maneno ambayo yalikuwa yamemkimbia kule juu.

Nyumbani alimkuta shangazi yake anamenya vitunguu saumu. Chinimaya ndiye aliyemlea tangu wazazi wake walipofariki, na hawakuwa na desturi ya kuzungumza mambo ya chumbani. Nirjala alizungumza amesimama, maana kukaa alishindwa. Alimwambia kwamba hamtamani Subin, kwamba huenda asimtamani kamwe, na kwamba hali hiyo ina jina.

"Mwanangu, hiyo inaitwa kulelewa vizuri," alisema shangazi. "Wanawake wote wako hivyo. Mimi mume wangu nilimwona uso siku ya harusi."

"Ukaja kumtamani?"

Chinimaya alimenya punje moja, akamenya nyingine. "Nikamzoea," alisema, kisha akamtuma dukani chumvi.

Chumvi ilikuwepo. Nirjala alikwenda hata hivyo, na huko njiani akampigia simu Subin.

Walikutana kesho yake kwenye mgahawa mdogo wa momo, yale maandazi ya mvuke yaliyojazwa nyama, nyuma ya uwanja wa hekalu. Subin alikuwa fundi wa lifti, mtu wa kusikiliza kwanza, mwenye tabia ya kupangusa meza kwa kiganja kabla ya kuweka mikono. Nirjala alimweleza kila kitu. Subin alimsikiliza mpaka momo zikapoa, halafu akasema yeye ana subira. Hata mwaka mzima angengoja.

"Huenda ikawa kamwe," alisema Nirjala. "Haiji kwa kungojewa."

"Kwani haijawahi kuja kwa mtu yeyote?"

Angeweza kumdanganya. Badala yake akamtajia Ojaswi.

Subin aliegemea nyuma, na uso wake ukalegea kama wa mtu aliyepata hitilafu ya mashine baada ya kuitafuta kutwa. "Sasa si ungeanza na hilo? Unapenda wanawake. Hilo naelewa. Hilo najua namna ya kumwambia mama."

"Silo hilo, Subin. Wanawake wengine siwatamani vilevile. Sijui ningemtamani hata kama angekuwa mwanamume, au labda ingekuwa sawasawa, sijui. Ni yeye tu, na ni kwa sababu nilimjua."

"Hayo mengine siwezi kuyabeba mpaka nyumbani," alisema Subin. Hakuwa amekasirika. Alimsindikiza hadi kona, akamtakia heri, na Nirjala akadhani mambo yameishia hapo.

Lakini Subin alimwambia mama yake lile alilolielewa. Mama yake akamwambia dada yake, na kabla ya Gai Jatra ua mzima ulikuwa unajua kwamba mpwa wa Chinimaya ni msagaji. Jirani aliyekuwa akimletea mgongo wake aunyooshe bure kila wiki akaacha kuja. Shangazi hakupiga kelele. Alianza tu kumtengea Nirjala chakula peke yake, sahani imefunikwa, kisha anapanda juu. Jioni moja binamu yake, mtoto wa Chinimaya, alimvuta kwenye ngazi akimuuliza ni nani aliyemharibu, kisha akampiga kofi. Nirjala alikusanya nguo zake akaenda kulala Kupondole, juu ya duka la fundi.

Kule walimpokea kwa shangwe. Pratyush alimpongeza kwa kujitokeza hadharani. Nirjala akamwambia hajajitokeza, ametokezwa, tena kwa jina la mwingine. Pratyush akaanza kueleza kwamba mtu aweza kuwa demi na msagaji kwa pamoja, jambo ambalo ni kweli, lakini Nirjala alikuwa ameshaondoka kwenda kuosha vikombe visivyo na uchafu.

Dada Rukmini alimfuata. Alikishika kidevu chake, akaligeuza shavu kwenye mwanga.

"Haya, sasa umepigwa," alisema.

"Kwa jambo ambalo hata silo."

"Mimi pia walinipiga wakiniita mwanamume." Akakiachia kidevu, kana kwamba maneno yake mwenyewe yamemfikia kwa kuchelewa. "Hilo jina lako bado halijaniingia, mdogo wangu. Sitakudanganya. Lakini kesho utembee upande wangu, tugombane njiani."

Siku ya Gai Jatra mvua ilikuwa ya manyunyu. Familia zilizofiwa zilipita na watoto wao waliovishwa pembe za ng'ombe za karatasi, na nyuma yao maandamano yakaanza, ngoma mbele, vinyago, sari za kila rangi. Nirjala alitembea bila bango. Kwa mara ya kwanza kwa wiki nyingi miguu yake ilikuwa inafanya lile lililokuwa likifanywa na kila mtu. Moyo wake haukutulia hata hivyo. Kila walipokaribia kichochoro cha nyumbani alitazama madirishani, na dirisha la shangazi yake lilikuwa limefungwa.

Dada Rukmini alitimiza ahadi ya kugombana. Alimwonyesha kijana mrefu mpiga ngoma, kifua wazi, mvua inamtiririka.

"Yule pale. Hakuna kitu?"

"Hakuna."

"Na yule mwenye kilemba cha njano? Mwanamke yule hata mimi nimemgeukia."

"Hakuna, dada."

"Mimi je?"

"Wewe nimekujua miezi mitatu tu," alisema Nirjala. "Na muda wote huo tumenuniana."

Dada Rukmini alicheka mpaka akashika lile taya lake bovu. Kisha akamuuliza kwa dhati, huku akimwinamia ili ngoma zisimzuie kusikia, huwa inakuwaje ile taa inapowaka, na Nirjala, akiruka dimbwi, akaanza kumweleza.