Mara ya Pili Ilikuwa Safi

Mtengeneza filamu alikuwa akirekodi watu wakieleza wanavyotaka kufa, na ugonjwa wake yeye ulikuwa mmoja: hakuvumilia kelele. Mzee mmoja, dereva wa malori aliyestaafu, aliposema hataki kufia hospitali, karakana ya jirani ikawasha msumeno katikati ya maneno yake. Basi akaombwa arudie.

Ulimi hauna mfupa. Mzee alishanogewa na kamera, akarudia kwa madaha. "Msinipeleke hospitali tena," alisema, "hata nikiwaomba." Mara ya kwanza hakusema hivyo. Alisema maumivu yakimzidi wampeleke, ila msumeno ulimeza maneno yale, na aliyeyasikia ni mtengeneza filamu peke yake, kwa kuwa alikaa karibu. Hakuyaulizia. Kauli ya pili ilikuwa tamu zaidi, akawatumia wana wa mzee video ya kauli hiyo kama zawadi. Zawadi gani ile!

Majuma machache baadaye wakamwita aje arekodi siku za mwisho. Alimkuta mzee amejikunja, shuka limelowa jasho, anaomba gari la kumpeleka hospitali. Binti yake mkubwa, macho mekundu kwa kukesha, akamwonyesha baba yake simu.

"Ni wewe huyu, baba. Ulisema hata ukituomba."

Hawakuwa watoto wabaya, na hilo ndilo linaloudhi. Walilishika neno la baba yao kama wosia.

Mzee akamgeukia mgeni. "Mwanangu, we ulikuwepo. Waambie nilivyosema mwanzo."

Akawaambia yote, uso umemshuka kwa aibu. Binti akataka kusikia mwenyewe. Kompyuta ikafunguliwa, msumeno ukanguruma chumba kizima, na midomo ya mzee ikachezacheza bila neno.

"Mimi hapa sisikii kitu," binti alisema. "Na ni wewe uliyemwambia arudie. Sasa tushike lipi, dada?"

"Basi nirekodi tena," mzee akasema.

Mtengeneza filamu akanyanyua kamera upesi. Binti akaifunika kwa kiganja, taratibu, kwa adabu zote, huku machozi yakimtoka.

"Hapana, dada. Huku ndiko kuomba alikotukataza tusikusikilize."

Mzee alikufa siku mbili baadaye, chumbani mwake, akipiga kelele. Wanawe walimshukuru sana mtengeneza filamu, maana bila yeye, walisema, wangeshindwa kumtii baba yao.