Nondo ya Mama Dzatugbui

Kila mwezi, bamvua la mwezi mpevu likishapita, Sitsofe alipanda gari kutoka mji wa Tema kwenda kijijini kumpimia mama yake bahari. Ofisini alishughulika na mawimbi na vina vya maji vya pwani nzima, lakini kipimo hiki kilikuwa cha nyumbani. Mama Dzatugbui alishika ncha ya tepu kwenye nondo nyekundu ya chuma iliyochomekwa nyuma ya nyumba, naye Sitsofe akaivuta tepu hadi ukingoni, pale mchanga ulipokuwa ukimomonyokea majini.

Walikuwa na mapatano. Bahari ikibakiza mita kumi kuifikia nondo, mama ahame, aende kwa mdogo wake ng'ambo ya ziwa lililo nyuma ya kijiji, kwenye nyumba walizojengewa watu waliofukuzwa na maji. Mama alikubali kwa shingo upande, maana ndani ya uzio wa nyumba yake ndimo vilimozikwa vitovu vya watoto wake wote.

Ajabu ni kwamba tangu mvua zilipokatika, kipimo hakikupungua hata shubiri. Sitsofe alifurahi kama mtoto. Alikuwa akikaa kitako, akala ugali wa akple na mchuzi wa bamia mpaka akalamba vidole, kisha akalala pale pale hadi kesho yake. Mtu akitaka sana jambo liwe kweli, macho humsaidia, hata kama ana shahada mbili za kuitazama bahari.

Siku moja walikuwa wanakunja tepu, jirani yao Agbeko akapita na mabati kichwani.

"Mhandisi! Hongera sana. Bahari inamwogopa mama yako tu. Mimi jiko langu imelibeba juzi, na sufuria zake."

"Pole, Kaka Agbeko. Jiko lipi? Lile la nyuma?"

"Nilikuwa na mangapi? Si lile lililokuwa sambamba na nondo yenu!"

Sitsofe akacheka, kisha kicheko kikamkauka. Aligeuka akaitazama nondo. Kamba ya kuanikia nguo, ambayo zamani ilikuwa kati ya nondo na nyumba, sasa ilikuwa upande wa baharini. Miezi yote hiyo alikuwa akiinama kupita chini yake na tepu mkononi, wala asijiulize. Agbeko aliwatazama mama na mwana, akaona bora aende zake.

"Mama, umeihamisha?"

"Kidogo."

"Kidogo!"

"Bahari ikila hatua mbili, na mimi naisogeza hatua mbili. Sijaipunja."

"Mama, jamani! Nondo kazi yake ni moja tu, kukaa mahali pake. Ukuta ungekuangukia umelala, ningekuokota wapi?" Alikuwa na hasira, na hofu ilikuwa kubwa kuliko hasira.

Mama Dzatugbui alifuta mikono kwenye kanga yake, ingawa haikuwa na kitu.

"Kabla hujaichomeka hiyo nondo, ulikuwa unakuja lini?"

Sitsofe alihesabu moyoni. Alikuwa akija Krismasi, tena si kila Krismasi. Na kukiwa na msiba.

"Unadhani mimi sijui kwamba nyumba hii inakwenda? Mimi ndiye ninayelala nayo. Lakini kule kwa mama yako mdogo hakuna bahari, mwanangu. Nikihamia kule, utakuja kupima nini?"

Sitsofe aliona aibu ikimpanda mpaka masikioni. Aliijua bahari hii ilivyopanda mwaka baada ya mwaka, na hakujua kwamba mama yake alikuwa akiikokota ile nondo mchangani kwa mikono yake miwili, mgongo ukimuuma, ili binti yake asikose sababu ya kuja. Alimkumbatia, harufu ya dagaa wa moshi ikampanda puani, akalia bila kujizuia.

"Nitakuja kukuona wewe, Mama."

"Nini?"

"Kila mwezi. Nitakuja kukuona wewe."

"Sema tena," mama akasema, na masikio yake hayakuwa na ubovu wowote.

Sitsofe akasema tena. Kesho yake gari la mizigo alilolikodi kumhamisha mama lilipokuja, akasema tena, mbele ya dereva, ndipo mama akakubali kupanda.