Hali ya Ardhi: Kavu

Mimi ni mwoga, na sikuanza leo. Miaka tisa iliyopita, serikali ilipotoa amri kwamba bonde letu ni ardhi oevu na mtu asilime palipotuama maji, mimi ndiye niliyekuwa bwana shamba wa pale. Zililetwa fomu za kueleza hali ya kila shamba. Nikaona majirani wote watafukuzwa, nikawajazia. Fomu arobaini na moja, na kwenye kila moja, penye "hali ya ardhi", niliandika neno moja tu: kavu. Watu waliweka dole gumba huku matope yamewafika magotini. Tulicheka sana siku ile, na aliyecheka kuliko wote ni dada yangu, aliyenilea tangu mama afariki. Bonde zima linamwita Mama Magimbi.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilichukua miaka tisa kufika mwisho. Mwaka huu imetoka amri nyingine: ulinzi wa bonde umefutwa, patamwagwa kifusi na kujengwa maghala. Sababu? Wakulima wenyewe walishathibitisha kwamba pale hapana maji.

Majirani kumi na wawili walikwenda mahakamani kuipinga. Wakaanza kuitwa mmoja mmoja na kukumbushwa kwamba kutoa taarifa ya uongo ni jinai. Kila aliyeitwa alirudi amejitoa, mpaka akabaki dada peke yake. Juzi alikuja kwangu akaniambia nisiwe na wasiwasi, jina langu halitatoka mdomoni mwake. Nilipaswa kumkatalia. Nilimshukuru, na aibu ya shukrani ile ninayo mpaka sasa.

Mahakamani nilijibanza mstari wa tatu, nyuma ya bwana mmoja mnene. Mkuu wangu wa kazi alikaa mbele kabisa.

Dada alianza vizuri. Alieleza magimbi yake, na jinsi maji yanavyomfika kwenye mashavu ya miguu hata wakati wa kiangazi. Jaji alikuwa anaandika. Kisha akainuka wakili wa serikali, mpole kama muuguzi aliyeficha sindano, akamwonyesha fomu. Dada akakubali kwamba dole gumba lile ni lake.

"Hapa pameandikwa kavu," wakili alisema. "Ulidanganya wakati ule, mama, au unadanganya sasa?"

"Wakati ule."

"Nani alikujazia?"

"Nilijaza mwenyewe."

Dada hajui kusoma wala kuandika. Wakili alilijua hilo, maana alitabasamu, akampelekea karatasi na kalamu, akamwomba aandike neno hilo moja tu.

Aliishika kalamu kwa ngumi, kama kisu cha kumenyea. Akachora mstari mmoja wa wima. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba si kesi tu itakayokufa; amekula kiapo, na ataondoka pale na askari kwa ajili yangu. Alipojaribu mstari wa pili kalamu ilitoboa karatasi. Akaigeuza karatasi, akaanza upya.

Magoti yangu yaliinuka kabla sijaamua.

"Mheshimiwa Jaji, mwandiko huo ni wangu. Bonde lile lina maji mwaka mzima, na nililijua hilo nilipokuwa naandika."

Dada hakugeuka. "Kaa chini," alisema, kwa sauti ile ile aliyonikanyia utotoni. Kisha ikampasuka. "Kaa chini, mdogo wangu, nakuomba."

Jaji alivua miwani, akaniuliza mimi ni nani. Mkuu wangu alikuwa ameshageuka kunitazama. Nikataja jina langu na kazi yangu, kwa sauti nyembamba niliyoionea haya, na askari wa mlangoni akasogea hatua moja karibu nami.