Manowari za Penseli

Detlef Harmsen alikuwa mchochea makaa katika manowari isiyokuwa na pa kwenda. Tangu vita vilipokoma mwaka wa 1918, Waingereza walizikusanya manowari za Kijerumani katika ghuba ya Scapa, kaskazini mwa Uskoti, zikalala kwenye nanga kama ng'ombe zizini, zikingoja wakubwa huko Paris waamue zichinjwe au zigawanywe. Kushuka pwani, marufuku. Kumtembelea jirani, marufuku. Majira ya baridi yalipita, mabaharia wakazoeana mpaka kila mmoja akajua mwenzake atakohoa lini. Panya, wasema waliokuwepo, waligoma kula mkate wa meli wakadai kurudishwa kwao. Na shakwe mmoja aliyeonja supu ya mpishi Ottokar Pries aliacha kabisa kuruka; walimwona akienda zake kwa kuogelea.

Siku hiyo ilikuja meli ya viazi kutoka nyumbani, nayo ingerudi na watu. Kwa manowari ya Detlef ilibaki nafasi moja. Waliodai nafasi hiyo walikuwa wawili: yeye na Ottokar.

"Baba amefariki," Detlef aliwaambia wenzake. "Kivuko chake pale Wischdeich kinaningoja mimi. Wazee wa kijiji wamesema mwisho Pentekoste. Nisipotokea, wanampa binamu yangu Folkert. Folkert jamani! Mtu anayepindua hata beseni!"

"Pole, kaka," alisema Ottokar. "Na mimi nataka kitunguu. Kibichi. Kinilize machozi ya haki, maana haya ya humu nimeyachoka."

Mwenye kauli alikuwa Kruse, mkuu wa baraza la mabaharia, mwenye kitambaa chekundu mkononi. Tangu mabaharia walipofanya mapinduzi, hata nahodha alimwuliza yeye kwanza. Kruse alijikuna kidevu. "Nikimchagua mmoja, mwingine atanitilia sumu."

"Supu yake si ni ileile?" sauti ikatoka nyuma, watu wakacheka.

"Basi mchezo uamue," Kruse akakata shauri.

Mchezo wote waliujua. Ndio uliowamalizia penseli majira yote ya baridi. Kila mtu huchora miraba kwenye karatasi, akaficha humo manowari zake. Mwenzake hutaja mraba kwa herufi na namba. Pakiwa patupu, anajibiwa "maji" na zamu inahama; akipata, hupiga tena. Atakayezamisha zote kwanza ndiye mshindi. Leo kila mmoja alipewa kubwa tatu, na ndogo moja ya mraba mmoja tu. Blanketi lilitundikwa katikati ya meza. Detlef alikaa akilipa mgongo dirisha la duara, Ottokar akalielekea.

Detlef alichora harakaharaka, moyo ukiwa kivukoni. Kisha mvua ya mabomu ikaanza.

"D sita," alisema Ottokar.

"Imepigwa."

"D saba."

Imepigwa tena. Kabla Detlef hajafuta jasho, kubwa ya kwanza ilikwisha kuzama, na ya pili ilikuwa inavuja. Yeye kila alipopiga alipata maji. Mpishi alinyanyua shingo, akatazama juu ya bega la Detlef, akataja mraba mwingine, akapata.

Detlef akageuka. Nje ya dirisha, chini ya kisiwa, zililala manowari kubwa tatu kwa safu moja. Akaitazama karatasi yake. Safu ileile. Pengo lilelile la kisiwa juu yake. Mkono wake ulikuwa umelichora zizi lao la ghubani bila yeye kujua.

"Anachungulia!" akapiga kelele.

"Anachungulia nini?" aliuliza Kruse. "Karatasi umeilalia kama kuku."

"Dirishani!"

"Dirisha ni la wote, ndugu yangu. Sote tumechungulia hapo mpaka macho yameota kutu. Cheza."

Detlef alikaa. Alijua ile ndogo alikoiweka: pembeni kabisa, mlangoni mwa ghuba. Penseli ikishachora haifutwi. Dawa ilikuwa moja, kumwahi. Mtu anayelilia kitunguu, akawaza, ataziweka wapi meli zake? Nchi kavu! Akapiga pale ambapo nje palikuwa na kisiwa.

"E mbili."

"Imepigwa," mpishi alijibu kwa sauti ndogo.

"He! Manowari inapanda mlima!" mtu alipiga yowe. Detlef hakucheka. Alipiga mlima, akapiga malisho, akapiga shamba la mtu, mpaka kubwa tatu za mpishi zikazama juu ya majani. Katika zamu zake Ottokar naye alimalizia kubwa za Detlef, zikabaki ndogo mbili, moja kila upande, na zamu ilikuwa ya Detlef.

"F moja."

"Maji," alisema Ottokar, akavuta pumzi. Akanyanyua shingo tena. Mara hii alitazama mbali, kule mlangoni mwa ghuba ambako meli ndogo ya Waingereza ya ulinzi ilizunguka mchana kutwa, ikihakikisha hatoki mtu.

"Detlef, bwana wee," alisema taratibu, bila mzaha. "Hata askari wao umemchora? J kumi."

Detlef aliiweka penseli mezani. "Imezama."

Ottokar alifunga mfuko wake akiwa hamtazami mtu. Ngazini Detlef alimshika mkono.

"Pitia Wischdeich. Waambie wazee wewe ndiye mtu wangu. Simama kivukoni mpaka nije."

"Mimi? Mto nimeuona kwenye sufuria tu."

"Kuna kamba. Unavuta. Ng'ombe mbele, mikokoteni nyuma. Basi."

"Na Folkert akija?"

"Mpe supu."

Ottokar alitabasamu, tabasamu likakatika njiani. "Nitajaribu, kaka. Siapi. Utakuja lini?"

Detlef alimwinulia mfuko begani, akamsukuma ngazini.

Meli ya viazi ikang'oa nanga. Ilipita ubavuni mwa ile meli ya ulinzi, hakuna aliyeisimamisha. Detlef alishuka kwenye matanuri, ambako moja tu lilikuwa likiwaka, akachukua sepetu.